Sinema bubu na sherehe zetu: nani atawataja waliomo?



Msikilizaji mmoja wa Magomeni Makuti ameniletea maswali mawili. La kwanza anauliza: kwa nini watu katika sinema za kale, zile zisizo na sauti, hutembea mbiombio kama wanaokimbia mvua? La pili anasema: wenzetu wa Ulaya wanazo picha za babu zao wakisherehekea sikukuu zao miaka zaidi ya mia moja iliyopita, je, na sisi tunazo? Swali la kwanza ni jepesi. La pili ni zito, na ndilo nitakalokaa nalo zaidi.

Sinema, ndugu zangu, ni picha nyingi zilizosimama, zinazopitishwa mbele ya macho upesi hata jicho likadanganyika na kuona kitu kinatembea. Enzi za sinema bubu mpiga picha alizungusha mpini wa kamera kwa mkono, kama fundi anavyozungusha cherehani ya mkono, na wengi walipiga kiasi cha picha 16 au 18 kwa sekunde moja. Sinema zenye sauti zilipoanza kuenea kuanzia mwaka 1927, kipimo kikawa picha 24 kwa sekunde. Basi ukichukua mkanda wa kale uliopigwa kwa mwendo wa 16, ukauweka kwenye mashine ya mwendo wa 24, jambo lililochukua dakika moja na nusu litaisha kwa dakika moja. Babu wa watu alikuwa akitembea taratibu zake. Haraka ni ya mashine yetu.

Sasa tuingie kwenye swali la pili, na kabla ya kufika kwetu tupite kwanza Ulaya, maana huko tutajifunza jambo moja litakalotusaidia mbele ya safari.

Tarehe 28 Desemba 1895, ndugu wawili Wafaransa, Auguste na Louis Lumière, waliwatoza watu kiingilio mjini Paris kutazama picha fupi kumi, kila moja haifikii dakika moja. Mojawapo ilimwonyesha Auguste mwenyewe pamoja na mkewe wakimlisha mtoto wao mchanga mezani. Kwa hiyo sinema iliingia katika maisha ya familia tangu siku yake ya kwanza. Lakini hebu tuangalie vizuri: meza ile haikuwekwa chumbani. Iliwekwa nje, bustanini, na watazamaji walistaajabia majani ya miti nyuma yao yakitikiswa na upepo. Kwa nini nje? Kwa sababu mikanda ya siku zile ilikuwa mizito kupokea mwanga. Ilitaka jua kali. Chini ya taa za nyumbani kamera ilikuwa karibu sawa na kipofu.

Chukua Waholanzi. Sikukuu yao kubwa ya familia ni ya Mtakatifu Nikolasi, wao humwita Sinterklaas, na mkesha wake ni tarehe 5 Desemba. Watoto huweka kiatu karibu na mahali pa moto, wakatia karoti ndani yake kwa ajili ya farasi wa mtakatifu, na wakiamka hukuta zawadi. Haya yote ni mambo ya usiku, ya ndani, ya baba na mama na watoto kuzunguka taa. Kamera ya zamani ingeyapata wapi? Ilichokipata kwa urahisi ni kile kilichotoka nje mchana: mzee mwenye ndevu nyeupe juu ya farasi, akipita barabarani, na watu wamejipanga kumpokea. Katika picha za kale za mapokezi hayo utamwona pia msaidizi wake, Mholanzi aliyejipaka uso rangi nyeusi tii, jambo ambalo kwetu linachoma. Baada ya malalamiko ya miaka mingi, mwaka 2019 mapokezi ya kitaifa yanayorushwa na televisheni yao yalifanyika bila ya nyuso hizo za kupakwa. Picha za zamani hazikutupwa. Zimehifadhiwa, na mjukuu akizitazama leo anaona ambalo babu yake hakuliona.

Jambo la kujifunza hapa ni hili: sherehe tunayoiona katika sinema ya kale ni ile sehemu tu iliyoweza kutoka juani. Tulichukue hilo, sasa twende kwetu.

Msikilizaji wangu, picha zipo, na ni za zamani kuliko wengi wetu tunavyodhani. Mwaka 1906, nchi yetu ikiwa chini ya Wajerumani, alifika Dar es Salaam mtaalamu wa mila aitwaye Karl Weule, wa jumba la makumbusho la mji wa Leipzig, ambaye baadaye alikuwa mkurugenzi wake. Kutoka hapa akaenda Lindi, na kutoka Lindi akasafiri na wapagazi hadi Masasi, Newala na uwanda wa juu wa Makonde. Katika mizigo waliyobeba wapagazi hao kulikuwa na kamera ya picha za kawaida, kamera ya sinema, na mashine ya kunasa sauti iitwayo fonografu, ambayo ndiyo babu wa gramafoni. Weule alikaa kati ya Wayao, Wamakua na Wamakonde, akapiga sinema za ngoma zao, akahudhuria baadhi ya sherehe za unyago, na mwaka 1908 akatoa kitabu cha safari hiyo. Mwaka uliofuata kikatafsiriwa kwa Kiingereza.

Kwa watu wa kusini, na kwa wajukuu wao waliojaa hapa Magomeni, Temeke na Mbagala, hakuna haja ya kueleza unyago na jando ni nini. Ni siku ambayo mtoto anavuka kuingia utu uzima. Ndugu hukusanyika kutoka mbali, chakula hupikwa kwa masufuria makubwa, na ngoma hulia. Ukiuliza sikukuu ya familia ya watu wale ni ipi, jibu ni hiyo. Kwa hiyo Weule ametuachia mfano wa zamani sana wa kile anachokiulizia msikilizaji wetu. Lakini kabla hatujafurahi kupita kiasi, yapo mambo matatu ya kuyapima.

La kwanza ni lile lile la jua. Kitabu cha Weule kina picha nyingi, na nilimpelekea baadhi yake bibi mmoja, jirani yangu, mzaliwa wa upande wa Masasi, ambaye ameishi Magomeni tangu ujana wake. Nilimwamkia, nikamfungulia picha kwenye simu. Akazitazama moja baada ya nyingine bila kusema kitu. Alipofika kwenye picha ya mwanamke mwenye ndonya mdomoni, akasimama hapo. “Bibi yangu mzaa mama alikuwa hivi hivi,” akaniambia. Halafu kwenye picha ya ngoma akatikisa kichwa: “Mwanangu, sisi ngoma za namna hii tulikuwa tunakesha. Mbona hawa wako juani?” Nikamweleza habari ya kamera na mwanga. Akasema, “Basi hao wanamchezea mgeni.” Na yale ya ndani, ambayo kungwi humwambia mwari, hayo si ya kamera wala si ya mwanamume, iwe mwaka 1906 au leo.

La pili ni nguvu. Vita vya Maji Maji vilianza Julai 1905, na mwaka huo huo misheni ya Masasi ilichomwa moto. Weule alipopita kusini, vita vilikuwa vimezimwa kwa sehemu kubwa, kwa bunduki na kwa njaa. Hesabu ya Wajerumani wenyewe ilitaja watu 75,000 waliokufa. Wapo wanahistoria wanaofikisha hadi 300,000. Mgeni huyo alitembea na askari wenye silaha. Sasa mtu wa aina hiyo akifika kijijini, akasema tafadhali chezeni ngoma niwapige picha, nani atamwambia leo hatuna nafasi? Sisemi kwamba kila aliyecheza alicheza kwa hofu. Ngoma ikilia, mguu husahau mengi. Ninachosema ni kwamba tukizitazama picha hizo tukumbuke ni nani aliyeketi nyuma ya kamera, na alikuja na nani.

La tatu ni la sauti, na mimi kama mtu wa redio hili ndilo linalonigusa zaidi. Sisi wa redio tuna sauti bila picha, na sinema bubu ina picha bila sauti. Weule alivileta vyote viwili, lakini vilikuwa mashine mbili tofauti. Nyimbo zilinaswa kwenye silinda za nta, kila silinda ikibeba dakika mbili au tatu tu. Ngoma zilinaswa kwenye mkanda wa sinema. Hapakuwa na njia ya kuzifunga pamoja. Kwa hiyo miguu ya wachezaji iliingia kwenye sanduku moja na sauti zao zikaingia kwenye jingine, masanduku yote yakapakiwa melini kwenda Ujerumani. Huku Masasi na Newala walibaki watu wenyewe, na wao ndio pekee waliojua mguu upi uliitika wimbo gani. Wote wamekwisha kutangulia mbele ya haki.

Huenda msikilizaji akauliza: baada ya Wajerumani je? Kwanza Unguja. Huko Bwana Hassanali Adamji Jariwalla alikuwa akionyesha sinema tangu siku za vita vya kwanza vya dunia, na mwaka 1921 likafunguliwa jumba la Royal. Kwenda sinema siku ya Idi ikawa sehemu ya sikukuu yenyewe, Unguja na baadaye hapa Dar es Salaam. Tulikuwa tunasherehekea kwa kuwatazama wengine. Kisha, kati ya 1935 na 1937, palikuwa na mradi wa sinema huko Vugiri, katika milima ya Usambara jirani na Korogwe, chini ya Meja Notcutt, aliyewahi kuwa meneja wa mashamba ya mkonge, kwa fedha za shirika la Carnegie la Marekani. Walitengeneza sinema kama 35. Zilipigwa na kamera bubu, na maelezo yakawekwa kwenye sahani za santuri kwa lugha mbalimbali, Kiswahili kikiwamo, kisha vyote vikazungushwa vijijini kwa lori. Lakini hizo zilikuwa za mafunzo: minyoo ya safura, kodi, kuweka akiba posta. Zilizosalimika ni chache sana, moja ikiwa ya mashamba ya Kingolwira, Morogoro. Sherehe zetu hazikuwa katika orodha ya mambo waliyoona tunapaswa kujifunza.

Na sinema za nyumbani? Kamera ndogo ya familia iitwayo Pathé-Baby ilitoka Ufaransa mwaka 1923, na Kodak wa Marekani wakatoa yao ya milimita 16 mwaka huo huo, kisha ya milimita 8 mwaka 1932. Nazo zilikuwa bubu. Hapa Tanganyika wenye uwezo wa kuzinunua walikuwa maofisa wa serikali, masetla, wamisionari na matajiri wachache. Mikanda mingi ya namna hiyo kutoka makoloni imehifadhiwa Uingereza katika mji wa Bristol. Katika mkanda mmoja wa familia niliopata kuutazama, ni Krismasi, meza iko nje kwenye majani, watoto wanafungua zawadi, na mtumishi mwenye kanzu nyeupe anapita na sinia, anatoka upande wa kulia, anapotelea upande wa kushoto. Maelezo yalitaja jina la mbwa. La mtumishi halikuwamo.

Hapo ndipo lilipo jambo langu la leo, ndugu msikilizaji. Tunadhani kasoro ya sinema bubu ni kukosa sauti. Kasoro kubwa zaidi ni kukosa mtu wa kuwataja waliomo. Na kasoro hiyo haikwisha na sinema bubu. Iko majumbani mwetu, hapa hapa Magomeni, juu ya makabati.

Televisheni ilianza Tanzania Bara mwaka 1994. Kabla ya hapo watu walikuwa na deki za video, na kufika katikati ya miaka hiyo ya tisini harusi isiyokuwa na mpiga video, na ile taa yake kali ya kutupofusha macho, ilionekana pungufu. Dada yangu mkubwa aliolewa mwaka 1996. Marehemu baba alisimama ukumbini akampa nasaha kwa dakika nne nzima, nimezihesabu. Mpiga video alipokwenda kuutengeneza mkanda, kama wengi walivyofanya siku zile, aliitoa sauti ya ukumbini na kuweka wimbo wa taarabu mwanzo hadi mwisho, ili mkanda upendeze. Baba anaonekana akinyanyua kidole. Watu wanacheka. Mama anafuta machozi kwa ncha ya khanga. Nasaha haimo.

Baba alifariki mwaka 2009. Nimewauliza waliokuwapo. Shangazi anasema baba alimwambia dada asirudi nyumbani na maneno ya chumbani kwake. Mama mkubwa anashikilia kwamba alisema likimfika la kumfika, mlango wa nyumba ile haufungwi. Ndugu zangu, hizo ni nasaha mbili zinazoelekea njia mbili, na kwa mwanamke aliye katika ndoa ngumu tofauti yake si ndogo. Dada mwenyewe anasema alikuwa analia, hakusikia kitu. Mkanda una sauti safi kabisa, ila ni sauti ya mtu mwingine. Kwangu mimi mkanda huo ni sinema bubu, sawasawa na zile za mwaka 1906.

Tena nao hauna maisha marefu. Mikanda ya zamani kabisa ya sinema ilitengenezwa kwa naitreti, kitu kinachowaka moto kiasi kwamba hata ukikizamisha majini hakizimiki. Iliyofuata ikioza hutoa harufu ya siki. Wamarekani, pamoja na utajiri wao, walifanya uchunguzi uliotolewa mwaka 2013, wakakuta kwamba kati ya sinema bubu ndefu karibu 11,000 walizotengeneza, asilimia 70 hivi zimepotea moja kwa moja. Mikanda yetu ya video nayo inaliwa na joto na unyevu wa pwani. Fungua kasha utaona unga mweupe, huo ni ukungu. Na kiwanda cha mwisho kinachojulikana kutengeneza deki, cha Wajapani, kilisimamisha kazi hiyo Julai 2016. Deki nzima zilizobaki mjini zinapungua kila mwaka, na mafundi wake wanazeeka.

Basi tufanye nini? Kwanza, usiuingize kwenye deki mkanda wenye ukungu. Utakatika, na uchafu wake utaharibu mkanda utakaofuata. Mpe fundi ausafishe. Pili, mkanda mzima uhamishwe sasa kwenye kompyuta au flashi, na nakala ziwe mbili, katika nyumba mbili tofauti, maana moto na mafuriko havipigi hodi. Tatu, na hili halina gharama yoyote: waite wazee siku ya Idi, au Krismasi, au Jumapili yoyote, wakae mbele ya picha. Isimamishe kila panapotokea uso. Uliza: huyu nani? Mtoto wa nani? Ngoma hii yaitwaje? Huyu aliyebeba sinia ni nani? Yaandike majina kutoka kushoto kwenda kulia, na huku simu yako inarekodi sauti zao wanapobishana. Mabishano hayo usiyafute, ni mali. Na wewe unayepiga video kwa simu leo na kuipachika wimbo kabla hujamtumia mtu, ibakize na ile ya asili yenye kelele za watoto na sauti ya bibi.

Na kwa wakubwa wetu wa Makumbusho ya Taifa na Chuo Kikuu cha Dar es Salaam nina ombi. Zitafutwe nakala za ngoma na nyimbo alizozinasa Weule, zipelekwe Masasi na Newala, wazee watazame na wasikilize. Waliochezeshwa juani hawapo tena, lakini wapo wanaoweza kusema huu ni wimbo gani, na huu ni mdundo wa ukoo gani. Miaka ishirini ijayo hao nao hawatakuwapo.

Kwa hiyo ndugu yangu wa Magomeni Makuti, tunazo. Baadhi ziko Ujerumani, baadhi Uingereza, na nyingine inawezekana kabisa ziko chini ya kitanda cha mama yako. Anza na hizo za mwisho, wakati mwenye kuzieleza angali anakuita jina lako.

Mimi naishia hapo. Panapo majaaliwa tukutane tena wiki ijayo, saa na kituo ni vile vile.